Bei ya Aibu

Hebu tuanze na kiuno.

Chukua kiuno kimoja cha msichana mmoja wa huku kwetu, mteremko wa mashariki wa Mlima Kenya, kisha ukipeleke kwenye majukwaa matatu.

Jukwaa la kwanza ni tamasha la muziki la shule. Msichana ana miaka kumi na sita. Amevaa sketi ya makatani na shanga, njuga zimefungwa miguuni, na anakatika kwa ngoma ya kiasili mbele ya waamuzi walioshika karatasi za alama. Tamasha hili si la jana. Wakenya wamekuwa wakishindana humo tangu 1927. Timu ikishinda, mwalimu mkuu anawataja gwarideni, na mama mtu anatuma picha kwenye kundi la WhatsApp la kanisa.

Jukwaa la pili ni sherehe ya umma. Msichana sasa ana miaka ishirini na moja, na yuko kwenye kikundi kilichoitwa kumpokea mheshimiwa. Amengoja juani tangu asubuhi. Gari likifika, anakatika. Mheshimiwa anashuka, anakatika naye hatua mbili tatu, wapiga picha wanakimbia. Baadaye kikundi kinapewa soda, mkate na bahasha ambayo mwenyekiti anaifungulia mbali na wengine.

Jukwaa la tatu ni klabu moja pale Makutano, mjini Meru, Ijumaa saa saba usiku. Kiuno ni kile kile. Hata mdundo unaweza kuwa ule ule, maana dijei amechanganya ngoma za Chuka na gengetone. Nguo zinapungua kadiri wimbo unavyoenda. Wanaume wanamtuza noti. Kesho yake msichana huyu ana jina jipya mtaani, na jina hilo unalijua, sina haja ya kuliandika.

Swali langu ni rahisi kuuliza na gumu kujibu: kati ya jukwaa la kwanza na la tatu, ni nini hasa kilichogeuka kuwa aibu? Wengi watajibu kwa neno moja, maadili, kisha waendelee na chai yao. Lakini neno hilo huku kwetu limekuwa kama kifuniko cha sufuria. Ukishafunika, hakuna anayeuliza kinachopikwa ndani. Tufunue kidogo.

*

Jibu la kwanza ni nguo. Yule wa klabu, watu watasema, amevua. Sawa. Lakini nyanya za nyanya zetu, Embu na Meru, walicheza wakiwa na ngozi kiunoni na shanga kifuani, na hakuna aliyewaambia wako uchi. Uchi uliletwa na jicho jipya. Wamisionari walipofika Kigari, Kaaga na Chogoria, walikuja na shule, hospitali na gauni, na mara nyingi mwongofu alitakiwa kuacha ngoma pamoja na mizimu. Serikali ya mkoloni nayo iliogopa ngoma kwa sababu zake. Mwaka wa 1930 ilipiga marufuku Muthirigu, wimbo wa kuchezwa uliowakejeli wamisionari na machifu kwa majirani zetu Wakikuyu. Miaka kama arobaini baadaye, 1971, serikali huru ikaanzisha Bomas of Kenya kule Lang'ata, ngoma za makabila zichezwe mchana, kwa tiketi, mbele ya watalii. Kilichoitwa ushenzi kikaitwa urithi, na waliokuwa wakikatika hawakuulizwa katika uamuzi wa kwanza wala wa pili.

Tena angalia nani tunayemkagua. Wapiga ngoma wa Chuka ni fahari yetu. Wanaume wazima wanabana ngoma ndefu katikati ya mapaja, wanaiinamia, wanaitikisa kwa nyonga mpaka jasho linadondoka. Ukikaa ukafikiria, hakuna densi yenye nyonga kuliko hiyo. Lakini sijawahi kumsikia mtu akiuliza mpiga ngoma wa Chuka amelelewa na nani.

Basi uchi wenyewe una maana gani? Kenya imetupa mifano miwili ambayo haifai kusahaulika. Machi 1992, akina mama wa wafungwa wa kisiasa, wakiwa na Wangari Maathai, walikuwa kwenye mgomo wa kula pale Uhuru Park. Polisi walipowavamia kwa virungu na vitoza machozi, baadhi ya wale akina mama walivua nguo. Haikuwa densi wala uhuni. Ilikuwa laana, na kila askari aliyelelewa na mama aliielewa. Kisha Novemba 2014, mwanamke alivuliwa nguo na wanaume kwenye stendi ya matatu Nairobi kwa madai kwamba amevaa vibaya, na wanawake wakaandamana wakisema nguo yangu ni hiari yangu. Bunge likaongeza kosa la kumvua mtu nguo katika sheria mwezi uliofuata.

Mara ya kwanza uchi ulikuwa silaha, mara ya pili ulikuwa ukatili, na pale Makutano ni kazi. Ukitazama ngozi peke yake huwezi kuzitofautisha. Ukiuliza nani ameamua nguo itoke, na nani anaweza kusema basi, unaanza kuona tofauti. Hilo swali tuliweke pembeni, tutarudi kulichukua.

*

Jibu la pili ni pesa. Densa wa klabu, tunaambiwa, anauza mwili. Mwanafalsafa Immanuel Kant aliandika mwaka wa 1785 kwamba kuna vitu vyenye bei na kuna vyenye utu, na chenye utu hakiwezi kubadilishwa na kitu kingine. Ni maneno mazito na mimi nayapenda. Tatizo ni kwamba tukiyashika vile watu wanavyoyashika, nusu ya Meru na Embu tumeuza utu kabla ya saa nne asubuhi. Mchuma chai wa Imenti anauza mgongo na vidole. Mvunaji wa muguka wa Mbeere anauza macho na shingo. Mtu wa boda anauza uti wake wa mgongo kwa kila shimo la barabara. Mwanafalsafa wa Marekani, Martha Nussbaum, aliandika insha juu ya jambo hili mwaka wa 1998. Alipanga wafanyakazi wanaolipwa kwa kutumia miili yao, kuanzia mfanyakazi wa kiwandani hadi mwimbaji wa klabu na kahaba, na kwenye orodha hiyo akamweka profesa wa falsafa, yaani mtu kama yeye. Sote tunakodisha mwili. Tunachobishania ni kwa nini baadhi ya kazi za mwili zina harufu na nyingine hazina.

Jibu linalonifaa zaidi nimelipata mahali ambapo sikulitarajia, kwa Adam Smith, yule mzee wa uchumi. Kwenye kitabu chake cha 1776 anauliza kwa nini waigizaji, waimbaji wa opera na wachezaji wa opera wanalipwa fedha nyingi hivyo. Anatoa sababu mbili. Ya kwanza ni kwamba vipaji vyao ni adimu na vizuri. Ya pili ni kwamba jamii inawadharau kwa kutumia vipaji hivyo kutafuta riziki, kwa hiyo mshahara lazima ufidie dharau. Yaani sehemu ya mshahara wao ni bei ya aibu. Akaongeza kwamba dharau ikiisha, mshahara utashuka, kwa sababu watu wengi zaidi wataingia kwenye kazi hiyo.

Soma tena hapo. Mwimbaji wa opera! Leo mtoto wako akiimba opera utauza ng'ombe umpeleke Ulaya. Kumbe kazi inayonuka leo yaweza kunukia kesho bila mtendaji kubadilisha hatua hata moja. Lakini kilichonikamata zaidi ni hii hesabu ya aibu. Kama aibu ina bei, basi mtu anailipa na mtu anaipokea. Ni nani?

*

Nina rafiki anayefanya kazi hii. Sitamtaja, na nimebadilisha vitu viwili vitatu ili hata dadake asimtambue. Kwao ni upande wa Runyenjes, kaunti ya Embu. Anacheza Meru. Kila Ijumaa anapanda matatu na begi la mgongoni, anavuka Thuci, anapita Chuka, anafumba macho kwenye daraja la Nithi kama abiria wengine wote, anashuka Makutano jioni. Jumapili mchana anarudi. Anasema wenzake wa Meru wanafanya safari hiyo hiyo kinyume, wanacheza Embu au wanaenda mbali mpaka Thika. Hakuna anayecheza nyumbani. Kila kaunti inatazama binti wa kaunti jirani, na kila mzazi anaamini wale wasichana ni wa watu wengine.

Mama yake anajua anafanya kazi hotelini. Si uongo kabisa, klabu iko ndani ya hoteli. Kila wiki mbili M-Pesa inaingia kwa mama, na kaka mdogo amefika mwaka wa tatu chuoni bila kufukuzwa karo.

Nilimuuliza kama anaona haya akiwa jukwaani.

"Kucheza si shida, mami," aliniambia. "Juu pale mimi ndiye najua wimbo unaenda wapi. Wao hawajui. Nikitaka wacheke wanacheka, nikitaka wanyamaze wananyamaza. Shida ni zile dakika tano baada ya kucheza."

Dakika tano hizo ni kutoka jukwaani hadi stoo anapobadilishia nguo, katikati ya makreti ya bia. Hapo ndipo mwanaume aliyemtuza mia mbili anaamini amenunua kitu kingine. Hapo ndipo meneja anamwambia meza ya wazito inataka aketi nao kidogo. Akikataa, usiku ukiisha anaambiwa hakufurahisha wateja, na kutoka kwa ile elfu moja na mia tano waliyopatana inakatwa mia tano. Malipo yenyewe hutolewa saa kumi na moja alfajiri, mlinda mlango akiwa ameshaondoka, na hakuna karatasi yoyote ya kuonyesha. Ataenda kulalamika wapi? Akifika kituo chochote, swali la kwanza litakuwa, "Na wewe ulikuwa unafanya nini huko?"

Sasa rudi kwa Adam Smith. Kwenye hesabu yake, anayebeba dharau ndiye anayefidiwa. Hapa hesabu imepinda. Watu wanakuja kwa sababu kuna kitu cha aibu cha kutazama. Kwa hivyo aibu inauza bia, inauza nyama choma, inajaza vyumba vya juu. Faida hiyo inakwenda kwa mwenye klabu. Densa anabaki na aibu yenyewe, na aibu hiyo ndiyo inayomfanya asiweze kudai chake. Mwenye klabu hahitaji mkataba wala kufuli. Anahitaji tu mtaa uendelee kumdharau msichana yule. Sisi wenye midomo mikali, sisi wa "eti unajua yule hufanya kazi gani?", tunamfanyia meneja kazi bila mshahara.

*

Najua atakayesema: lakini alichagua mwenyewe. Hoja hii hutumiwa na pande mbili. Wanaomtetea wanasema mwili ni wake, kwa hivyo tunyamaze. Wanaomlaani wanasema alichagua, kwa hivyo yanayompata ni yake. Mimi naona neno "kuchagua" halina nguvu ya kubeba mzigo wote huo, na sababu ninayo hapa hapa Meru.

Mwaka wa 1956, baraza la wazee la Njuri Ncheke, likisukumwa na maofisa wa mkoloni, lilipiga marufuku ukeketaji wa wasichana. Wasichana wenyewe wakafanya nini? Wengi wao waliingia porini wakakatana wenyewe kwa wenyewe. Waliitwa Ngaitana, yaani nitajitahiri mwenyewe. Kwa miaka mitatu zaidi ya watu 2,400, wasichana, wanawake na wanaume, walishtakiwa kwa kukaidi amri hiyo.

Hadithi hii inamsumbua kila mtu, na ndiyo maana naipenda. Ukisema mwanamke akishachagua basi limekwisha, itabidi uwapigie makofi wale wasichana, na sijui ni wangapi kati yetu tuko tayari; sheria ya 2011 inakataza ukeketaji hata kwa anayeukubali, na mimi naiunga mkono. Lakini ukisema wazee walijua mema kwa hiyo wana haki ya kuamua, tazama jinsi walivyoamua: baraza la wanaume na maofisa wa Kizungu waliketi wakajadili miili ya wasichana, na hakuna msichana aliyeulizwa. Wasichana hawakuwa wakitetea wembe peke yake. Walikuwa wakitetea kiti kwenye mkutano ambao hawakualikwa.

Kwa hivyo tunahitaji kipimo kingine zaidi ya "alichagua" na zaidi ya "wazee wamesema". Mimi napendekeza mlango. Uchaguzi mzuri ni ule ambao mlango wa kutokea unabaki wazi. Wembe wa Ngaitana ulifunga mlango. Hakuna aliyeweza kubadili nia kesho yake. Densi inaisha wimbo ukiisha, na hiyo ni tofauti kubwa. Lakini mlango wa densa pia unaweza kufungwa, kwa deni la meneja, kwa malipo yanayosubirishwa hadi alfajiri, kwa video. Nikitaka kujua kama densa huyu yuko huru, siulizi amevaa nini. Nauliza: anaweza kusimama katikati ya wimbo, akasema leo basi, akavaa, akalipwa alichofanyia kazi, akafika nyumbani salama? Kama ndiyo, ni kazi kama kazi. Kama la, ni utumwa mdogo, hata akiwa amevaa buibui.

Na ukikitumia kipimo hicho kwa haki, kinamgusa hata yule msichana wa jukwaa la pili. Aliyesimamishwa juani saa nne akimsubiri mheshimiwa, ambaye asingeweza kukataa kwa sababu chifu alikuwa ameandika majina, je, mlango wake ulikuwa wazi?

*

Densi ya kuvua ina historia, na historia yake imejaa kicheko. Ulaya na Marekani waliita sanaa hii baleski, kutoka neno la Kiitaliano burla, yaani mzaha. Mwaka wa 1868 Mwingereza Lydia Thompson alifika New York na kundi la wanawake walioigiza nafasi za wanaume, wamevaa soksi ndefu zinazoonyesha miguu, wakiwakejeli wakubwa wa jamii. Magazeti yaliwachamba. Mwaka wa 1870 kule Chicago, mhariri mmoja alipozidisha matusi, Thompson alimvizia barabarani akamchapa kiboko. Alitozwa faini, na ukumbi ukaendelea kujaa. Baadaye akaja Gypsy Rose Lee, aliyevua polepole huku akipiga porojo za kijanja mpaka watu wakasahau walichokuja kuona. Mwaka wa 1941 alitoa riwaya. Lakini kufikia 1937 meya wa New York alikuwa amezinyima leseni kumbi hizo, na waliopoteza kazi kwanza ni wachezaji.

Kwa Mwafrika, jina linalouma zaidi ni Josephine Baker. Alizaliwa St. Louis mwaka wa 1906, akafika Paris akiwa na miaka kumi na tisa, na 1926 akacheza amevaa sketi ya ndizi. Ukitaka kulia, kuna sababu: Wazungu walitaka kumwona mwanamke wa msituni, naye akawapa. Ukitaka kucheka, pia kuna sababu: alikuwa akiwafanyia mzaha ule ule waliokuja kuununua, anakodoa macho, anapindisha miguu, na wao hawajui kama wanacheka au wanachekwa. Pesa ya sketi ile ilimnunulia sauti. Wakati wa vita alipeleka siri kwa wapinzani wa Wanazi. Mwaka wa 1963 alihutubia maandamano ya Washington akiwa na sare ya jeshi la Ufaransa. Mwaka wa 2021 Ufaransa ilimwingiza Panthéon, mahali inapowaheshimu mashujaa wake. Kati ya hayo yote, madeni yalimnyang'anya nyumba, na alirudi jukwaani akiwa na miaka sitini na minane, akafa siku chache baada ya onyesho lake kuzinduliwa. Taifa lilimpa heshima, pensheni lilisahau.

Karibu zaidi na nyumbani, kuna Bi Kidude wa Unguja. Dunia ilimjua kwa taarabu na kumpa tuzo ya WOMEX mwaka wa 2005, lakini maisha yake yote, mpaka alipofariki Aprili 2013, alikuwa pia nyakanga wa unyago. Alipiga ngoma na kuwafundisha wari mambo ya unyumba, kwa kiuno, kwa mzaha, kwa maneno ambayo siyaandiki hapa. Yalikuwa wazi kuliko lolote linaloonekana Makutano. Ila mlango ulifungwa kwa ndani, na waliokuwamo ni wanawake watupu. Funguo walikuwa nazo wao.

Nikiwaweka pamoja hao, naona jambo moja. Densi hiyo hiyo inaweza kumuinua au kumshusha mtu, kutegemea nani anashika mzaha. Rafiki yangu anaposema "mimi ndiye najua wimbo unaenda wapi", anasema kile ambacho Lydia Thompson alikijua. Dakika tano baadaye, kule stoo, mzaha umetoka mikononi mwake.

*

Kuna pingamizi ambalo siwezi kulipita kwa mbio. Mwanamke mmoja ninayemheshimu aliniuliza: hata kama yeye yuko huru, je, hafundishi wanaume kwamba wanawake wote wananunulika? Yule mlevi akitoka pale, anayekutana naye njiani ni mimi, na mimi sikupanda jukwaa lolote.

Hoja hii ina uzito, na mtu anayeicheka hajawahi kutembea peke yake usiku kutoka stendi. Lakini mlevi yule anajifunza nini hasa? Wimbo ukiisha na densa akavaa, akaondoka, na mlinzi akamzuia anayemfuata, somo ni kwamba kutazama si kumiliki, na noti si hati ya shamba. Meneja akimlazimisha aketi na wazito, somo ni lile la kuogofya. Somo linatolewa katika zile dakika tano kuliko kwenye dakika kumi za densi. Simalizi pingamizi lote hapo. Kuna kitu kinabaki, na pengine siku njaa ikipungua, wachache tu ndio watakaotaka kazi hii. Hata hivyo hatuwezi kumwadhibu mtu leo kwa sababu ya dunia tunayoitaka kesho.

Na tunapoadhibu, huwa tunamwadhibu nani? Uganda ilipitisha sheria dhidi ya ponografia mwaka wa 2014, na mwaka huo huo mwanamuziki Jemimah Kansiime, anayeitwa jukwaani Panadol wa Basajja, akakamatwa na kuwekwa rumande kwa ajili ya video ya wimbo. Waliotazama hawakukamatwa. Mahakama ya Katiba ilikuja kubatilisha vifungu muhimu vya sheria hiyo 2021, wakati mwanamke ameshalala jela. Huku kwetu hatuhitaji hata sheria. Mtu mmoja anainua simu, anamrekodi densa, anatuma kundini, na kufikia Jumapili klipu iko Embu. Sheria ya makosa ya mitandao ya 2018 inakataza kusambaza picha za faragha za mtu, lakini sioni nani atamwambia mama wa Runyenjes kuhusu sheria wakati kitu kimeshafika kwa simu yake. Simu ndiyo wembe wa siku hizi. Densi iliyopaswa kuisha na wimbo inakuwa haiishi tena, mlango umefungwa, na aliyeufunga yuko kanisani mstari wa pili akiitikia amina.

Meru na Embu, kaunti zote mbili zilichagua wanawake kuwa magavana kwa mara ya kwanza mwaka wa 2022. Nakumbuka watu wakisema mambo yamebadilika, na ni kweli kuna kitu kilibadilika. Lakini utu wa wanawake haupimwi kwa aliye juu kabisa. Unapimwa saa kumi na moja alfajiri, kwenye stoo ya bia, na yule ambaye hakuna anayetaka kusema anamjua.

Sikuandika haya ili uipende kazi hii. Mama ana haki ya kumtakia bintiye kazi nyingine, na mhubiri ana haki ya kuhubiri. Rafiki yangu mwenyewe ana miaka ishirini na saba, goti la kushoto limeanza kuuma, na anaweka pesa kwenye chama cha wanawake wanaodhani ni msusi. Anataka saluni kabla ya miaka thelathini. Ninachosema ni kwamba aibu tunayomwaga haipotei hewani. Inatua kwa mtu, na kuna mtu mwingine anaiokota na kuigeuza faida.

Kwa hivyo siku ukijipata pale, maana wengi wenu mmefika na mtafika tena, usianze na maadili yake. Anza na yako. Weka simu mfukoni. Ukimtuza, jua umelipia wimbo, na wimbo umeisha. Ukimwona anafuatwa kuelekea stoo, simama njiani. Kesho mtaani mtu akianza, "unajua yule hufanya kazi gani?", sema unajua, na sema ulikuwepo. Na kama una sauti yoyote kwa mwenye klabu, mwambie jambo moja dogo tu: amlipe kabla ya kupanda jukwaani.